Uanze na nani ukitaka kuwajua Wahutsul: Kotsiubynsky, Khotkevych, Vincenz au Matios?

Anayetaka kuwafahamu Wahutsul, watu wa milima ya Karpati kusini-magharibi mwa Ukraine, kwa njia ya vitabu, hutajiwa majina manne mara moja. Kila jina lina watu wanaolipigia debe, na wote wana haki. Shida ni kwamba vitabu hivi havifanani hata kidogo. Anayetafuta hadithi ya mapenzi akapewa masimulizi ya mababu yasiyo na mwisho ataweka kitabu chini mapema, kisha ataamini kwamba Wahutsul ndio waliomchosha.

Wenyewe ni hawa. Mykhailo Kotsiubynsky aliandika *Tini zabutykh predkiv*, yaani Vivuli vya Mababu Waliosahaulika, mwaka 1911. Mwaka huohuo Hnat Khotkevych alitoa *Kaminna dusha*, Roho ya Jiwe. Stanisław Vincenz alianza kuchapisha *Na wysokiej połoninie*, Kwenye Malisho ya Juu, mwaka 1936. Maria Matios alitoa *Solodka Darusia*, Darusia Mtamu, mwaka 2004, na mwaka uliofuata akapewa Tuzo ya Shevchenko, heshima kubwa ya fasihi nchini Ukraine. Vincenz aliandika kwa Kipolandi. Tumemweka humu kwa sababu huwezi kuzungumzia vitabu vya milima hii ukamwacha.

Mahali penyewe ni mabonde ya mto Cheremosh na vijito vyake, chini ya safu ya Chornohora, yenye kilele cha Hoverla, mita 2,061, kirefu kuliko vyote Ukraine. Kijiji cha kukumbuka ni Kryvorivnia. Ivan Franko, mshairi mashuhuri wa Ukraine, alikuwa akipumzika hapo majira ya kiangazi, na waandishi wengine wakamfuata mpaka kijiji kikaitwa Athene ya Ukraine.

Vigezo

Tutawapima kwa mambo matano: mwandishi amesimama wapi akiwatazama Wahutsul, anasimulia wakati gani, mila na kazi za milimani zimo kwa kiasi gani, lugha yake ina ugumu gani, na kitabu ni kikubwa kiasi gani, tena kinapatikanaje. Uzuri wa maandishi hatukuuwekea kigezo, kwa kuwa wote wanne wanajua kuandika.

Amesimama wapi

Kotsiubynsky alikuwa mgeni. Alizaliwa Vinnytsia mwaka 1864, mbali na milima, akafanya kazi ya takwimu Chernihiv, na alifika Kryvorivnia mara ya kwanza mwaka 1910, akivutwa na rafiki yake Volodymyr Hnatiuk, mkusanyaji wa simulizi za watu. Alirudi 1911 na 1912, na mwaka 1913 akafariki. Maarifa ambayo ziara zake hazikuweza kumpa aliyachota kwa wataalamu, hasa kazi kubwa ya Volodymyr Shukhevych iitwayo *Hutsulshchyna*, iliyotoka kwa sehemu tano kati ya 1899 na 1908. Ugeni huo una faida yake: kila kitu kinamshangaza, na mshangao huo anakuambukiza.

Khotkevych naye alitoka mbali, Kharkiv, lakini yeye alihamia. Alikuwa mhandisi wa reli na mpigaji mashuhuri wa bandura, ala ya nyuzi ya Kiukraine. Baada ya mgomo wa reli wa 1905 alilazimika kukimbia dola ya Urusi, akavuka kuingia Galicia iliyokuwa chini ya Austria, na akaishi na Wahutsul kwa miaka kadhaa. Mwaka 1910 alianzisha kikundi cha maigizo cha Wahutsul katika kijiji cha Krasnoillia, waigizaji wakiwa wakulima na wachungaji wenyewe. Mtu aliyewafundisha watu kuigiza maisha yao kwa lahaja yao anasikia mazungumzo kuliko mtalii yeyote. Mwaka 1938 utawala wa Kisovieti ulimpiga risasi, na kwa miaka mingi vitabu vyake havikuonekana.

Vincenz alizaliwa 1888 Sloboda Rungurska, kwenye ukingo wa nchi hiyo, katika familia ya watu wenye mali wa utamaduni wa Kipolandi. Mlezi wake, Palahna, alikuwa Mhutsul, na ndiye aliyemjaza hadithi tangu utotoni. Kwa hiyo ni mtoto wa nyumba, lakini wa chumba cha juu. Mwaka 1940 alivuka milima kukimbilia Hungaria, na alifia Lausanne mwaka 1971. Sehemu kubwa ya kazi yake aliiandika akiikumbuka nchi asiyoweza kuirudia.

Matios ni mzaliwa. Alizaliwa 1959 Roztoky, upande wa Cheremosh ulio katika eneo la Bukovyna. Kwake Wahutsul ni majirani, shangazi na watu wa kusengenyana kwenye uzio. Haelezi chochote kwa ajili ya mgeni, jambo ambalo litakufurahisha au litakukwaza.

Wakati

Kwa Kotsiubynsky wakati karibu haupo. Ivan na Marichka, wapenzi wa hadithi yake, wangeweza kuwa wa 1910 au karne mbili kabla. Khotkevych anakupeleka enzi za *opryshky*, waasi wa msituni walioshambulia mabwana na matajiri. Mkubwa wao katika kumbukumbu za watu ni Oleksa Dovbush, aliyeuawa Kosmach mwaka 1745, ingawa mhusika wa riwaya hii ni mwingine, Dmytro Marusiak. Vincenz ana nafasi kuliko wote: anaanza na simulizi za kale, anamkalia Dovbush kwa muda mrefu, kisha anashuka hadi karne ya 19, biashara ya magogo ilipoanza kuubadilisha mlima. Tena ndiye anayekumbuka vizuri kuliko wengine kwamba milima hii haikuwa ya Wahutsul peke yao. Wayahudi wanaishi ndani ya kurasa zake, akiwemo Baal Shem Tov, mwasisi wa Uhasidi, vuguvugu la kidini la Kiyahudi.

Matios anakaa karne ya 20, na hapo ndipo ramani inakuwa ya lazima. Baada ya Vita vya Kwanza nchi ya Wahutsul iligawanywa kati ya Polandi, Romania na Chekoslovakia, na Cheremosh ukawa mpaka: ng'ambo moja Polandi, ng'ambo hii Romania. Juni 1940 Wasovieti wakachukua Bukovyna ya kaskazini, 1941 Waromania wakarudi, 1944 Wasovieti wakarudi tena. Asiyejua mpangilio huo atajiuliza kwa nini wenye bunduki kijijini wanabadilika kila baada ya kurasa chache. Andika miaka hiyo minne, 1918, 1940, 1941 na 1944, kwenye karatasi, uibandike ndani ya jalada.

Mila na kazi za mlimani

Hapa ndipo watu wengi huamulia, kwa hiyo tukae kidogo.

Wahutsul ni wafugaji. Mwezi wa Mei kondoo na ng'ombe hupandishwa *polonyna*, malisho yaliyo juu ya mstari wa miti, na hushuka Septemba. Mkuu wa kambi huitwa *vatah*. Katika kitabu cha Kotsiubynsky, siku ya kwanza moto huwashwa kwa kusugua mti kwa mti, huitwa moto hai, na haruhusiwi mtu kuuacha uzimike majira yote. Kuna mtu mwenye kazi hiyo tu, *spuzar*. Maziwa ya jioni yanamiminwa kwenye sufuria kubwa, yanatiwa *gleg*, dawa ya kugandishia inayotoka tumboni mwa mnyama mchanga, na vatah anasubiri. Kisha anakunja mikono ya shati, anazamisha mikono hadi kwenye kiwiko, na kimya kinatanda. Chini ya maji ya maziwa, asikokuona mtu, vidole vyake vinakusanya jibini hadi linatoka donge zima, jeupe, lenye umbo. Donge hilo ni *budz*. Likisagwa na kutiwa chumvi linakuwa *bryndza*. Bryndza ya kondoo ya Wahutsul ilisajiliwa nchini Ukraine kwa jina la mahali pake mwaka 2019. Maji yaliyobaki hayamwagwi. Yanachemshwa tena kutoa *vurda*.

Ukurasa huo ni sahihi kiasi cha kufundishia kazi, na hapo hapo unasomeka kama ibada. Vivyo hivyo usiku wa kuamkia Krismasi: mwenye nyumba anatoka nje na chakula mkono mmoja, shoka mkono wa pili, anawakaribisha mezani wachawi, dhoruba na mbwa mwitu mara tatu. Wasipokuja sasa, basi wasije mwaka mzima. Mazishi yanayofunga kitabu yanawashtua wageni, kwa sababu waliokesha na maiti wanaanza kucheza michezo ya utani na kubusiana, huku nje *trembita*, mabaragumu ya mbao marefu kupita urefu wa mtu, yakilia. Msomaji aliyeona watani wakifanya vituko msibani Tanzania hatahitaji tanbihi.

Tahadhari moja. Humo utamkuta Yura, *molfar*, anayelizuia wingu la mvua ya mawe lisishukie malisho. Msomaji wa Kiswahili atavutwa kumwita mchawi, au mganga. Kila neno linabeba nusu tu. Molfar anaheshimiwa na kuogopwa kwa pumzi moja, anatibu na anadhuru, na anayemkaribia zaidi kwetu ni yule mzee anayeitwa kuifukuza mvua siku ya harusi. Mwache abaki na jina lake.

Khotkevych ana mila chache za malishoni lakini ana muziki na mikusanyiko. Sikukuu za kanisa, ngoma, nyimbo fupi za *kolomyiky*, majigambo ya vijana na sheria za genge la msituni ndivyo vinavyoibeba riwaya yake. Mhusika wake mkuu, Marusia, ni mke kijana wa padri (mapadri wa huko huoa), na anafuatana na Marusiak mlimani. Mila zinaonekana pale zinapogongana na tamaa ya mtu.

Vincenz ndiye hazina. Ukitaka kujua kazi ya magogo, hakuna wa kumshinda. Juu ya vijito lilijengwa bwawa la magogo, *klauza*, maji yakakusanywa. Lilipofunguliwa, wimbi lilibeba mashua bapa za magogo yaliyofungwa pamoja, *daraba*, na waendeshaji wakasimama juu yake kushuka Cheremosh. Kuchelewa kidogo kulimaanisha kukwama kwenye mawe. Kuwahi mno kulimaanisha kulitangulia wimbi lenyewe. Anaeleza pia nani alikopa, nani alisimamia na nani alikufa msituni.

Kwa Matios mila hazitangazwi. Utamwona Ivan Tsvychok akitengeneza *drymba*, kinubi kidogo cha chuma kinachopigwa mdomoni. Utasikia wanawake wakimjadili Darusia. Utaona namna Darusia anavyokituliza kichwa kwa maji baridi na udongo. Akitaka kujua jina la kila kitambaa, msomaji hatalipata. Atakachopata ni namna mila zinavyoendelea wakati dola imekalia shingo ya kijiji.

Pipi mbili

Kuna kitu kidogo kinachoonyesha tofauti yao kuliko maelezo yote. Mwanzoni mwa kitabu cha Kotsiubynsky, koo mbili zenye uhasama zinapigana njiani. Ivan, bado mtoto, anampiga msichana wa upande wa adui na kutupa utepe wake mtoni. Msichana hamlilii. Anatoa pipi, anaing'ata nusu, nusu ya pili anampa: chukua. Huyo ndiye Marichka, na mapenzi yote ya kitabu yanaanzia kwenye nusu hiyo ya pipi.

Kwa Matios pia kuna pipi. Darusia hasemi, na watu wanamwita mtamu, neno wanalolitumia kumaanisha kwamba akili yake haiko sawa. Utamu wenyewe hauwezi: akiona pipi kichwa kinampasuka. Sababu inatolewa mwishoni tu, nayo inahusu afisa wa usalama wa Kisovieti, mtoto mdogo na swali lililoulizwa kwa upole. Hatutaeleza zaidi.

Lugha

Kihutsul ni lahaja ya Kiukraine yenye maneno yake: *gazda* ni mwenye nyumba, *legin* ni kijana wa kiume, *marzhyna* ni mifugo, *plai* ni njia ya mlimani. Salamu zao ni ndefu. Wakimaliza kumsifu Yesu wanaulizana hali ya mke na ya mifugo kabla ya neno lolote la shughuli, na hapo msomaji wa Kiswahili yuko nyumbani.

Anayesoma kwa Kiukraine, kwa mfano aliyewahi kuwa mwanafunzi Kharkiv au Ivano-Frankivsk, aanze na Kotsiubynsky. Masimulizi yake kwa sehemu kubwa ni Kiukraine sanifu, lahaja iko hasa midomoni mwa wahusika, kwa hiyo unapumzika kila baada ya mistari michache. Khotkevych anaikoleza lahaja kwenye mazungumzo, na mazungumzo ni mengi. Matios ni mgumu zaidi, maana hata masengenyo ya majirani ni Kibukovyna kitupu. Tafuta toleo lenye faharasa ya maneno nyuma, na ulisome kwa sauti: maneno mengi yanayokataa kueleweka kwa jicho hueleweka kwa sikio. Vincenz anahitaji Kipolandi cha kutosha, na sentensi zake ni za msimuliaji wa jioni, zinazozunguka kabla ya kufika.

Ukubwa na upatikanaji

Kotsiubynsky ni mfupi, wa jioni mbili. Kwa Kiingereza tafuta *Shadows of Forgotten Ancestors* ya mfasiri Marco Carynnyk, ya 1981. Matios naye si mrefu. Tafsiri ya Kiingereza inaitwa *Sweet Darusya*, ya 2019. Vincenz ana kazi ya mabuku manne, lakini kitabu cha Kiingereza cha 1955, *On the High Uplands*, ni sehemu tu, tena kinapatikana zaidi kwenye maktaba na kwa wauza vitabu vya zamani. Usikisome ukadhani umemmaliza. Khotkevych ni riwaya kamili, na asiyejua Kiukraine ndiye atakayehangaika naye kuliko wengine.

Kuhusu filamu: Sergei Parajanov alikitengenezea filamu kitabu cha Kotsiubynsky mwaka 1964. Ilipoonyeshwa Kyiv, Septemba 4, 1965, Ivan Dziuba, mhakiki wa fasihi, alisimama mbele ya watazamaji na kulaani kukamatwa kwa wasomi wa Ukraine, na tangu siku hiyo filamu hiyo ina historia yake yenyewe. Itazame, lakini baada ya kusoma. Picha zake zina nguvu mno. Ukizitanguliza, Ivan wako atakuwa na sura ya mwigizaji, na yale mazungumzo ya ndani na msitu yatakupita.

Kwa hali yako

Una wikiendi moja na hujawahi kusikia neno Hutsul: Kotsiubynsky. Atakupa mlima, moto, mapenzi na kifo kwa kurasa chache. Kosa la kuepuka ni kumnukuu kama shahidi wa kila kijiji, kwa sababu alichagua na kuunganisha kama msanii.

Unapenda riwaya yenye visa, mwanamke anayeamua vibaya kwa moyo wote, na majambazi ambao huwezi kuwachukia: Khotkevych, iwapo unasoma Kiukraine.

Unafanya utafiti wa simulizi, ufugaji au misitu, au unataka kuona Wayahudi na Wahutsul wakiishi bonde moja: Vincenz. Usimsome kwa kufuata mfululizo. Chagua sura, soma moja kwa siku, rudi. Ukikihitaji kitu cha kutaja kwenye utafiti wako, mweke Shukhevych pembeni, kwa kuwa Vincenz anakumbuka na Shukhevych anapima.

Unataka kujua vita na Usovieti vilifanya nini kwa watu hawa, au umechoka na milima inayopambwa kama kadi ya posta: Matios. Kitabu kina sehemu tatu, na wakati unarudi nyuma, ya mwisho ndiyo ya kale zaidi. Wengi hupotea sehemu ya pili, wakafungua mwishoni kutafuta nafuu. Wakifanya hivyo wanakiua kitabu. Ukipotea, rudi kwenye ile karatasi ya miaka minne. Kwa aliyefiwa karibuni, au mwenye kumbukumbu za mateso katika familia, ni afadhali asubiri.

Ukiamua kusoma viwili, mtangulize Kotsiubynsky, kisha Matios. Kinyume chake kinaharibu, kwa maana baada ya Darusia huwezi kuipokea tena ile nusu ya pipi ya Marichka kwa moyo mweupe.

Na kama utasafiri siku moja, yabebe majina ya Kryvorivnia na Verkhovyna, mji ulioitwa Zhabie mpaka 1962. Katika Vincenz na vitabu vyote vya zamani utakuta jina la Zhabie tu, na hutaliona kwenye ramani ya leo.